Niuze taa ninunue lenzi? Jibu kwa dada wa Mwanza kuhusu Raoul Coutard

Swali nimelifupisha, mwenyewe asinune. Kuna dada yuko Mwanza anashuti harusi na sendofu, ana kamera moja ndogo na taa mbili za LED, na hizo taa na stendi zake ndo nusu ya mzigo wake kwenye bodaboda kila wikiendi. Kasikia kuna Mfaransa anaitwa Raoul Coutard aliyeingia kwenye sinema bila kusomea kamera, akashuti muvi iliyobadilisha dunia, kamera mkononi, taa hana. Anauliza ni kweli au ni hadithi za vijiweni? Na kama ni kweli, basi na yeye auze taa zake aongezee hela anunue lenzi nzuri? Alafu kaomba nimtajie muvi ya kuanzia.

Mdogo wangu, taa usiuze. Nimeanza na hilo kwa sababu najua umeshampigia mteja simu.

Sasa hiyo habari ya Coutard, ni kweli ila imekatwa kichwa na miguu. Ni kweli hakusomea kamera ya sinema. Lakini watu wakisema "hakusoma" wanamaanisha aliamka tu siku moja akashika kamera na Mungu akamsaidia, hapana bwana. Huyu mzee kazaliwa Paris Septemba 1924, kijana alitaka kusoma kemia, hela ya ada ikagoma, akaenda kufanya kazi kwenye maabara ya picha. Shika hapo kwenye kemia, maana kila kitu kinachokuja mbele kinaanzia hapo. Mtu aliyeingiza mikono kwenye dawa anajua mkanda unakula mwanga kiasi gani, unavumilia nini, na ukiukosea unaweza kuuokoa wapi na wapi haiokoleki tena. Mimi mwenyewe nimeanzia studio ya kusafisha picha Kariakoo, chumba cha giza, taa nyekundu, kidole kinanuka dawa mpaka kwenye ugali, na nakwambia mpaka leo nikiangalia ukumbi nahesabu mwanga kabla sijahesabu viti.

Mwaka 1945 akaenda Indochina na jeshi la Ufaransa, yaani Vietnam na majirani zake, na akakaa huko kama miaka 11. Huko ndo akawa mpiga picha mnato, kwanza upande wa habari za jeshi, baadaye picha zake zikatoka mpaka kwenye majarida, Paris Match la Ufaransa na Look la Marekani. Fikiria hiyo shule. Vita haikusubiri useme "rudia", jua likizama limezama, askari anayekimbia hawezi kusimama ili uweke taa, kwa hiyo unajifunza kufika mahali na kuuliza kwanza mwanga unatoka wapi, alafu wewe ndo unahama, sio mwanga. Miaka 11 ya hivyo. Ukija kwangu ukaniambia Coutard hakwenda shule ntakuuliza hiyo tuiite nini sasa.

Huko huko akajuana na Pierre Schoendoerffer, kameramani wa jeshi aliyekuja kutekwa kwenye vita ya Dien Bien Phu, Vietnam, mwaka 1954. Urafiki wao ndo mlango wenyewe. Coutard alipoandika kumbukumbu zake uzeeni, mwaka 2007, kichwa cha kitabu kinasema wazi kwamba aliingia kwenye sinema huku anakunywa supu ya Kichina. Rafiki yake alikuwa anaenda Afghanistan kushuti muvi inaitwa La Passe du Diable, akamwambia twende, na inasemekana Coutard alikubali akidhani anaitwa kupiga zile picha mnato za lokesheni, kumbe anatakiwa awe ndo kameramani. Kamera ya sinema hajawahi kuigusa! Na hiyo muvi ilikuwa ya rangi, ya skrini pana, milimani, sio kitu cha kujifunzia. Akaenda, akashuti. Prodyuza wake alikuwa Georges de Beauregard, na hili jina likumbuke, maana ndo lililomleta kwenye meza ya Godard, dairekta anayekuja sasa hivi.

Mwaka 1959 Beauregard anatengeneza muvi ya kwanza ndefu ya kijana mmoja mkosoaji wa sinema, Jean-Luc Godard, hela kidogo. Godard alikuwa na mtu wake wa kamera, prodyuza akamwambia hapana, utafanya na huyu. Hapo hapakuwa na uchawi wa vipaji viwili kuonana, prodyuza alitaka mtu mwepesi, wa haraka, asiyelialia kuhusu vifaa. Kwenye hii kazi yetu ajira nyingi zinakuja hivyo, we mwenyewe si unajua, mteja wako wa pili katoka kwa MC wa harusi ya kwanza.

Godard akamwambia Coutard anataka ishutiwe kama habari, kamera mkononi, hakuna stendi, hakuna taa za studio. Muvi ndo À bout de souffle, iliyotoka 1960. Watu wengi hadithi wanaishia hapo: kamera mkononi, taa hakuna, basi, sote tunaweza. Ila swali la kitoto linabaki palepale, Paris usiku, barabarani na vyumba vya hoteli, mikanda ya sinema ya wakati ule haikuwa inaona gizani, sasa alionaje?

Alionaje ni hivi, na hapa naomba usome polepole. Godard alikuwa anataka mwanga ule ule wa picha mnato. Coutard alijua mkanda mmoja wa Waingereza, Ilford HPS, wa ASA 400 (ndo kipimo cha mkanda kuhisi mwanga, kama ISO ya kamera zetu za leo), unaona kwenye mwanga mdogo kuliko mingine. Shida, huo mkanda ulitengenezwa kwa ajili ya kamera za picha mnato, sio sinema, na ulikuwa unauzwa kwa roli za mita 17 na nusu. Mita 17 na nusu kwenye kamera ya sinema inaisha ndani ya sekunde 38 hivi, hata bibi harusi hajafika kwenye kiti. Kwa hiyo wakaununua hivyo hivyo vipande vipande wakaunganisha kipande na kipande mpaka ukawa roli ya maana. Shida ya pili, yale matundu ya pembeni ya mkanda hayakukaa sawa na kamera nyingi za sinema, lakini yalikubali kwenye Cameflex, kamera ndogo ya Éclair ya Ufaransa, ambayo ndo ilikuwa inashikika mkononi. Shida ya tatu ni dawa. Ili mkanda ukupe 800 badala ya 400 unatakiwa usafishwe kivyake, kwa dawa yake na muda wake, na maabara kubwa haziwezi kusimamisha mashine nzima kwa ajili ya wahuni wawili wenye mita chache. Maabara ya GTC walikuwa na mashine ndogo ya majaribio pembeni, wakawaruhusu waitumie hiyo.

Umeona sasa? Alitoa taa mahali pamoja, akalipia mahali patatu pengine. Yaani ile "bila taa" ni kemia, ni kujaribu mikanda, ni kubembeleza maabara, ni kujua tundu la mkanda wa Muingereza linakaa kwenye meno ya kamera ya Mfaransa. Yule mtoto aliyekosa ada ya kemia ndo aliyeishuti À bout de souffle, sio mtu mwingine. Na wanaosema alikuwa anabahatisha wajaribu wao kuunganisha mkanda gizani kwa vidole.

Kwa upande wako kitu kinachofanana na hicho sio kuuza taa. Ni kuchukua hiyo kamera yako ndogo usiku mmoja nyumbani, ukaipandisha ISO hatua kwa hatua mpaka picha ianze kuota chenga, uso wa mtu mweusi na shela nyeupe ndani ya fremu moja, na ukaandika kwenye daftari inavumilia wapi. Namba yako mwenyewe, sio ya kwenye boksi. Watu wengi wanashuti miaka mitano hawaijui namba ya kamera yao, alafu wanalilia lenzi.

Tuje kwenye taa zenyewe. Coutard hakuzichukia. Miaka ile ya mwanzo ya 60, akiingia kwenye vyumba vya kweli vya watu, alikuwa anafunga balbu zile kali za wapiga picha juu kabisa, pembezoni mwa ukuta, zinatazama dari, sio watu. Dari ikiwa nyeupe mwanga unagonga unarudi chini umetandaa kila mahali kama mwanga wa dirishani, hakuna kivuli cha pua, na mwigizaji anaweza kutembea popote chumbani bila mtu kumpigia kelele "umetoka kwenye taa". Kwa wazee wa studio wa wakati ule hii ilikuwa kama matusi, kule mwigizaji alikuwa na taa ya uso, taa ya nywele, taa ya nyuma, na chaki sakafuni ikimwonyesha asimame wapi. Coutard kwa mpango wake alimpa dairekta chumba kizima. Kwangu mimi hili ndo jambo lake kubwa kuliko kamera ya mkononi, ila kamera ya mkononi inapendeza kusimulia kwa hiyo inaimbwa zaidi.

Kwa hiyo hizo LED zako mbili, badala ya kuwamulika maharusi usoni mpaka bwana harusi anakunja macho kama anakatwa kodi, zigeuze juu. Ukumbini ukikuta dari nyeupe na sio ndefu sana umepona. Ila tahadhari moja ambayo Coutard kwenye muvi nyeusi na nyeupe hakuwa nayo na wewe unayo: dari ya kijani inakupa watu wa kijani. Kumbi zetu hizi zimepambwa vitambaa vya zambarau na bluu mpaka juu, ukigongesha taa pale unapata bibi harusi mgonjwa. Hapo geuzia kwenye ukuta mweupe, au mwombe mpambaji akubakizie kipande cha kitambaa cheupe, wana mabunda. Mimi nshawahi kurudisha nusu ya hela ya mteja mmoja kwa ajili ya dari ya chungwa, sitaki kulizungumzia zaidi.

Kamera mkononi nayo tuiweke sawa. Kwenye À bout de souffle kulikuwa na kiti cha wagonjwa chenye magurudumu, Coutard amekaa na kamera, Godard anasukuma kwa nyuma. Champs-Élysées wakamficha ndani ya mkokoteni wa posta wenye tundu la lenzi ili wapita njia wasitazame kamera. Maana yake alikuwa anatafuta utulivu kwa njia ya bei rahisi, hakuwa anatingisha kamera kwa makusudi ili aonekane wa kisasa. Na kitu kingine hakisemwi sana, Cameflex ilikuwa na kelele kama cherehani, sauti ya maana huwezi kurekodi pale, kwa hiyo mazungumzo yaliingizwa baadaye studio. Wewe kwenye harusi padri akishatamka ametamka, huwezi kumuita studio. Kila uhuru una mtu anayeulipia mahali, jiulize ni nani kabla hujauiga.

Alafu huyu mtu hakuwa wa mkononi tu, na hapa ndo wengi wanamkosea heshima. Kati ya 1960 na 1967 Godard alitoa muvi ndefu 15, Coutard kashuti 14, na hazifanani. Une femme est une femme ya 1961 ni ya rangi, ya skrini pana, ndani ya studio, na nyumba iliyojengwa mle studio ilikuwa na kuta na dari kama nyumba ya kweli, wakati faida ya studio ni kwamba unang'oa ukuta upitishe kamera! Wamekodi studio alafu wakajinyima raha zake. Vivre sa vie ya 1962 wakatumia kamera ya Mitchell, dude zito la Kimarekani. Alphaville ya 1965 ni mji wa siku za usoni, sayari nyingine kabisa, lakini hakuna kilichojengwa, ni Paris ya usiku, korido, lifti, ngazi za vioo, taa za majengo yenyewe. Weekend ya 1967 ina foleni ya magari barabara ya kijijini, kamera inatembea kwenye reli ya karibu mita 300, dakika kama nane hivi, honi tupu. Ukisikia mtu anasema Coutard ni wa kutingisha kamera, mpe ile foleni aitazame mpaka mwisho.

Na Godard hakuwa mwajiri wake peke yake. Kwa François Truffaut alishuti Tirez sur le pianiste na Jules et Jim, kwa Jacques Demy alishuti Lola, na hiyo Lola, jamani, mwanga wa madirishani unavyomwagika mpaka unakula kingo za nyuso za watu, angekuwa mwingine angeambiwa umeunguza picha rudi ukashuti tena. Hakuogopa nyeupe. Sisi tunaogopa sana nyeupe, tunafunga lenzi mpaka ngozi za watu zinakuwa masizi, ili tu shela ionyeshe nyuzi. Bibi harusi kalipia uso wake, nyuzi za shela za fundi.

Na Schoendoerffer, mwenzake wa supu, hakumwacha. Walienda Cambodia wakashuti La 317e Section, imetoka 1965, nyeusi na nyeupe, kikosi kinarudi nyuma msituni. Hapo unaona macho ya mpiga picha wa vita tena, kamera inatembea na askari, haiwatangulii, haijui nini kiko mbele. Baadaye wakafanya Le Crabe-tambour, meli ya kivita baharini, maji ya kijivu, baridi unaihisi, na ndo iliyompa César, tuzo ya sinema ya Ufaransa, ya upigaji picha mwaka 1978. Kwa hiyo tuzo kubwa ya kwao ilimjia kwa bahari na meli, sio kwa Paris na kiti cha magurudumu. Kabla ya hapo kashuti Z ya dairekta Costa-Gavras, ya 1969, habari za Ugiriki lakini Ugiriki ilikuwa chini ya wanajeshi kwa hiyo wakaenda kushuti Algiers, na Algeria ikabeba Oscar ya muvi ya lugha ya kigeni.

Mwenyewe akawa dairekta pia. Hoa-Binh ya 1970, mtoto wa Vietnam katikati ya vita, ikapata tuzo ya kazi ya kwanza kwenye tamasha la sinema la Cannes na ikafika kwenye orodha ya Oscar. Ile ya 1980 inatuhusu kidogo huku kwetu, La Légion saute sur Kolwezi, kuhusu askari wa Ufaransa walioruka na miavuli Kolwezi, mkoa wa Shaba, Zaire ya wakati ule (ndo Kongo ya leo), Mei 1978, mji ambao watu wake wanaongea Kiswahili chao kitamu. Ila muvi yenyewe ilishutiwa Guyana ya Kifaransa, ng'ambo ya bahari, na hadithi inasimuliwa kutoka upande wa walioruka na miavuli. Mimi nadhani alikuwa kameramani mkubwa kuliko dairekta, na haya ni maoni yangu, msinipigie simu.

Na Godard waliachana miaka kama 15 alafu wakarudiana kwa Passion ya 1982 na Prénom Carmen ya 1983, Passion ikampa Coutard tuzo ya ufundi Cannes. Na Passion ni muvi ambayo ndani yake dairekta anahangaika na mwanga wa michoro ya wachoraji wa kale, haukai sawa, anashindwa kuendelea, hebu fikiria Godard kamwita nani aje kuushuti huo mwanga usiokaa sawa. Uzeeni alifanya kazi na dairekta Philippe Garrel, ya mwisho ikawa Sauvage innocence ya 2001, nyeusi na nyeupe, mzee ana miaka 70 na kitu. Kafariki Novemba 2016, miaka 92.

Kuhusu lenzi sasa, maana utaniambia nimekwepa. Kama una hela pembeni, nunua lenzi moja yenye mdomo mpana, ya milimita 35 au 50, hata iliyotumika, ila cheki ukungu ndani kwa kuimulika na tochi ya simu, maana unyevunyevu wa ziwani unakuza ukungu. Hela ikiwa hamna, msimu wa harusi hauko mbali, subiri. Ila kwa kuuza taa hapana. Siku ya sendofu umeme ukikatika saa tatu usiku na jenereta inavutwa haiwaki, lenzi haitakusaidia kitu, LED yenye betri itakusaidia.

Muvi ya kuanzia. Watu watakwambia À bout de souffle, na utaiona tu hiyo haina haraka. Mi ningekuanzishia Le Mépris ya 1963, ya rangi, sehemu yake ya mwisho kisiwa cha Capri, Italia, na uangalie dakika mbili za kwanza tu kabla ya yote. Majina hayaandikwi kwenye skrini, sauti ya mwanaume inayasoma. Kwa mbali reli imelazwa chini, dada mmoja anatembea anasoma karatasi, na pembeni yake kamera kubwa inakuja juu ya reli, inasogea, inasogea, mpaka inafika karibu kabisa na wewe, alafu jamaa aliyekaa nyuma yake anaizungusha taratibu, anaiinamisha, lenzi inakutazama machoni. Jamaa huyo ndo Coutard.